Mwaka Niliotembea kwa Miguu ya Melkiori

Fundi Gervasi alinipigia simu nikiwa napepeta maharage uani, akasema yule Mfaransa wetu amekufa huko kwao, kitandani, akiwa amepita miaka tisini. Akasema mjukuu wake wa kike yuko Kasulu, kwenye nyumba ya wageni, amekuja na mashine na sanduku la tepu, anawatafuta waliofanya kazi na babu yake waseme neno la kusikilizwa ukumbini siku ya kumkumbuka. Nikamuuliza neno gani. "Neno zuri, dada Konso," akasema. "Mtu akifa anasemwa vizuri." Nikakata simu nikarudi kwenye ungo, lakini mikono ilikuwa imeshakataa kazi. Kitandani. Melkiori alikuwa na miaka ishirini na saba, na alilala kwenye udongo ambao sisi hatukuwahi kuukanyaga. Shule yangu iliishia darasa la nne, na haya nayaandika kwenye daftari la kwaya, upande wa nyuma ambako hakuna nyimbo. Nitataja watu kwa majina, maana huko ukumbini wanakotaka kumsifu marehemu hakuna atakayewataja. Wa kwanza ni Firmin Vaubrelle mwenyewe, ambaye kambini tulimwita Mzee Firimini. Wa pili ni huyo huyo Gervasi, fundi mitambo, mtu wa Songea aliyeletwa huku na kazi. Wa tatu nitamfikia.

Kama ungemwona Firimini usingemdhania ubaya. Alikuwa mrefu, mkavu, koti moja la kahawia mwaka mzima, na masikio makubwa ambayo Melkiori alisema Mungu alimpa kwa shughuli maalumu. Shirika mojawapo lililokuwa linahudumia kambi yetu, upande wa Kasulu, lilimleta aanzishe michezo ya redio, ili sisi wakimbizi wa Burundi tusikae bure na mawazo mabaya. Studio ilikuwa Kibondo, ndani ya ghala la zamani la maharage. Kuta zote walizipigilia mablanketi ya msaada, yale ya kijivu, na juu ya mablanketi trei za mayai, ili sauti isirudi. Mle ndani ukipiga makofi, yanakufia mkononi. Sikuwahi kuzoea. Nje mvua inapiga mabati, watu wanapita na baiskeli za ndizi wanaitana kwa Kiha, halafu unafunga mlango na unakuwa kama umefukiwa. Unasikia mate yako yakishuka kooni. Na harufu ya maharage haikutoka kamwe. Mpaka leo nikifungua gunia lililokaa sana namsikia yule mzee akisema kwa Kiswahili chake cha kuvunjikavunjika, "Kimya. Kwanza tunasikiliza."

Tulikuwa tunatoka kambini Jumatatu kwa lori la shirika na kurudi Ijumaa. Mimi sikuwa mwigizaji. Firimini alinisikiliza mara moja akasema sauti hii ni ya kuuzia nyanya, akanipa kazi ya kuvifanya vitu vilie. Nilikuwa na sinia kubwa la changarawe, sinia la moramu, beseni la maji, mlango mdogo wenye bawaba zake uliosimama peke yake katikati ya chumba bila nyumba, na ungo wa mtama ambao ukiuinamisha polepole unakuwa mvua. Nilikuwa mvua, nilikuwa mlango, nilikuwa ng'ombe anayekunywa. Kazi kubwa zaidi ilikuwa kutembea. Mchezo wenyewe ulikuwa wa mtu mmoja anayerudi kwao Burundi kwa miguu kumtafuta mama yake, na kila Jumamosi saa kumi, kwenye redio, anakuwa amekaribia kwa kilima kimoja. Mtu huyo alikuwa Melkiori. Yeye alikaa kitini mbele ya maikrofoni akiongea, mimi nyuma yake nikatembea kwa ajili yake juu ya sinia, nimevaa katambuga zake za matairi, maana Firimini alisema viatu vya mtu vinajua mambo ambayo mtu mwenyewe hayajui. Melkiori alikuwa na mguu wa kushoto unaochelewa kidogo, si kilema, ni kama unaofikiria kwanza. Nilijifunza mguu huo wiki nzima. Siku nilipoupata Firimini alifumba macho akasema Melkiori sasa wako humu wawili.

Melkiori alikuwa mchumba wangu. Mama yake alikwisha kuanza kuniita mukazana wanje, mkwe wangu, mbele za watu, na mimi nilikuwa naona haya na kufurahi. Hayo ya ukoo yanatosha.

Mchana tulikula nyumbani kwa Firimini, nyuma ya ghala, kwenye meza iliyotengenezwa kwa mbao za makasha. Yeye alipika supu yake ya vitunguu na kuzamisha humo mikate iliyokauka, sisi tukala ugali wa muhogo na mboga za lengalenga na dagaa wa Kigoma, kisha kila upande ulionja chakula cha mwenzake kwa adabu. Hapo ndipo alipotusimulia maisha yake, kwa Kifaransa, na Melkiori, aliyesoma kidogo, akitafsiri huku anatafuna. Alitoka mkoa wa milima na ng'ombe, baridi kali, mkoa ambao Wafaransa wenzake waliucheka. Akiwa kijana aliweka jukwaa juu ya lori la kubebea nyasi akazunguka nalo kwenye minada ya mifugo, akicheza michezo kwa lugha ya wakulima wenyewe. Watu wa mji mkuu walisema hiyo si sanaa, ni mnada. Baadaye akapata redio ndogo ya mkoa, wa kwanza kule kuweka hewani wachunga ng'ombe na wauza jibini wakiongea wanavyoongea. Alikuwa na mzee mmoja msimulizi, Baba Eloi, aliyependwa kuliko padri. Baba Eloi akafa mwanzoni mwa majira ya theluji. Firimini hakutangaza. Alikuwa na tepu zake, akaendelea kumrusha majira yote ya baridi, na watu walipomwandikia barua yule marehemu, Firimini alikata maneno kwa wembe kutoka tepu za zamani, neno hapa neno pale, akayaunga kwa gundi, na Baba Eloi akawajibu. Tukacheka. Akasema hata mjane wake alikuwa anakuja kituoni kila Ijumaa na soksi za sufu, akisema mume wangu anaongea kama mtu mwenye baridi. Hapo wote tulicheka zaidi, isipokuwa Melkiori aliyekuwa anatafsiri. Akaweka kijiko chini.

"Hizo soksi alimpa nani?" akauliza.

"Nilizivaa mimi," Firimini akajibu. "Kulikuwa na baridi."

Nakumbuka Gervasi alipiga meza kwa kucheka mpaka supu ikamwagika. Nakumbuka Melkiori akininong'oneza kwamba mzee huyu hajui kuzika. Nilimwambia ale, chakula kinapoa.

Sasa nije kwenye maji. Ilikuwa tunarekodi kipindi cha tisa, redioni wakiwa wamefika cha sita. Msafiri amefika kwenye kijito cha mpakani, anavua viatu, anaingia. Nikapiga maji kwenye beseni kwa viganja. Firimini akakataa. Nikaweka mawe ndani. Akakataa. Nikamimina kwa birika kutoka juu. "Maji ya beseni," akasema, mara ya tatu, bila hasira, na hiyo ndiyo iliyoniudhi. Mikono ilikuwa imekunjamana kwa baridi. Nikasema kwa sauti, mbele ya wote, kwamba kosa si la beseni. Kijito cha kwetu hakilii hivi. Kile kina mawe makubwa chini na maji yake yanaongea, hata ukifumba macho unakijua. Melkiori akaitikia kwamba ni kweli, kile kinaongea. Firimini akaweka kalamu mezani taratibu, kama mtu aliyeletewa sahani aliyoisubiri. "Basi tukakichukue," akasema.

Kesho yake aliwatuma Gervasi na Melkiori kwa gari mpaka Manyovu, mpakani, wakiwa na mashine ndogo ya kurekodia. Maelekezo yalikuwa wakae upande huu. Gervasi mwenyewe alinisimulia baadaye, maana kusema uongo hakuweza. Walifika, upande huu kijito kilikuwa na matope na kelele za malori na wabadili fedha wanaogombania wateja. Melkiori akasema sauti nzuri iko ng'ambo, bondeni, si mbali. Gervasi alikuwa ameshaagiza mishikaki. Akamwambia nenda tu, nakusubiri hapa, mishikaki haijaiva. Mishikaki ikaiva, ikaliwa, ikapoa iliyobaki. Jua lilipoegemea, akawasha gari na kurudi. Baada ya siku nne wachuuzi wa ndizi wa ng'ambo walileta kambini shati na ile mashine, mkanda wake umekatika. Walisema walimkuta kando ya maji na wakamfunika kwa udongo palepale, kwa haraka. Nani alimfanyia vile hawakusema, na sisi hatukuuliza. Mwaka ule upande ule watu walikuwa hawaulizani.

Kwetu nyumba ikifiwa inagandara. Maana yake jembe linawekwa chini. Hamlimi, hampandi, hamwozi wala hamwolewi, mpaka wazee wawagandue: mnanyolewa, mnapiga jembe la kwanza, na mfu anaachwa aende. Kwa kuwa mwili haukuwepo, wazee wa kambi walikubaliana tuzike shina la mgomba lenye urefu wa mtu, na wiki ifuatayo tuganduke, kwa sababu mvua za kwanza zilikuwa zimeshanyesha na kila nyumba ilikuwa inapanda. Mimi pia ningefunguliwa. Nilikuwa mjane wa mtu ambaye hakuwa amenioa.

Ikafika Jumamosi, saa kumi. Tulikuwa tumekaa mlangoni na Mama Melkiori, watu wa msiba wachache, ukungu umeshuka mpaka kwenye mapaa ya turubai. Kambini redio zilikuwa nyingi, zile za kusokota kwa mkono, na saa ile zote zilikuwa kituo kimoja. Ikaanza moja, nyumba ya nne kutoka kwetu, halafu ya jirani, halafu mstari mzima. Hatua juu ya changarawe. Kulia, kushoto ukachelewa. Na sauti ya Melkiori ikitoka kila mlango kwa pamoja, ikiuliza njia. Hakuna aliyekuwa amekumbuka. Kipindi cha saba kilikuwa tayari, na cha nane, na sehemu ya tisa, vyote Kibondo vimepangwa kwenye rafu. Majirani walikimbia kuzima, lakini ukizima hapa inaendelea pale, na yeye akawa kama anapita nyuma ya nyumba akitutafuta. Niliangalia miguu yangu. Hatua zile zilikuwa zangu, nilizitembea mwenyewe mwezi uliopita, na nywele zilinisimama kama zingekuwa za mtu mwingine.

Mama Melkiori hakulia. Alisimama, akaingia ndani, akatoka na kigoda cha mwanawe, akakiweka kando ya mlango na sahani juu yake. Wazee walipokuja kuhusu shina la mgomba aliwajibu kwa upole kabisa. "Nitamzikaje mtu anayeongea?" akasema. Jumamosi iliyofuata kigoda kilikuwa tayari kabla ya saa. Mahindi ya majirani yalikuwa yameota vidole viwili, kijishamba chetu kimekaa kitupu.

Nilikwenda Kibondo na lori, peke yangu safari hii, kumwomba Firimini aufunge ule mchezo. Nilimkuta chumba cha kukatia tepu, wembe mkononi, vipande vya tepu vimening'inia kwenye kamba kama mlenda uliokaushwa. Gervasi alikuwa na mashine mpya isiyohitaji kukata, mzee aliikataa. Nilimweleza kila kitu: kugandara, jembe, kigoda. Alisikiliza kwa yale masikio yake, macho mekundu. Kisha akasema, Gervasi akinyoosha Kiswahili chake, kwamba akikata sasa msafiri atakuwa amefia njiani masikioni mwa watu wote, na yule mama atabaki mlangoni. Afadhali tumfikishe. Atatengeneza kipindi cha mwisho kutoka maneno ya Melkiori ya zamani. Atafika, atamuaga mama yake, atamwambia alime. Katika kipindi cha nne lilikuwamo neno rima, lima, alipomwambia jirani asiache shamba. Mama akilisikia hilo kutoka kinywani mwake ataganduka. Nikaona ni jambo jema. Akaniomba nimtembeze kwa mara ya mwisho mpaka mlangoni. Nikavaa katambuga zake, ambazo bado zilikuwa chini ya meza ya sinia.

Mpaka hapo hakuna anayebishana. Kinachofuata nakiandika kwanza vile nilivyokisimulia miaka yote hii. Nimesimulia kwamba nilitembea hatua zangu, nikatoka nje kunywa maji, na nilipokuwa nje wao wawili, Firimini na Gervasi, walibadili. Waliondoa rima. Waliweka neno jingine, la kipindi cha pili, ambapo msafiri alimwita mwenzake aliyetangulia njiani. Waliweka ndindira. Nisubiri.

Jumamosi ilipofika nilimshika Mama Melkiori mkono nikamwambia leo sikiliza mpaka mwisho, leo anaaga. Hatua zikaja. Hazikuwa na mvua wala ndege, Firimini aliziacha tupu, na zilikuwa karibu mno, kama ziko kwenye ngozi ya sikio. Mlango wangu mdogo usio na nyumba ukalia bawaba. Na sauti yake, neno la kwanza lina baridi ya siku moja na la pili lina mafua ya siku nyingine, ikasema: "Mama. Ndindira." Halafu kimya kile cha ghala la maharage, ambacho nilikijua, kikatoka kwenye redio zote za kambi.

"Umesikia, mukazana wanje?" mama akaniuliza. Uso wake ulikuwa umefunguka kama wa msichana. "Amesema nimsubiri."

Akamsubiri. Firimini mkataba wake uliisha kabla ya mavuno, akaondoka bila kupita kambini, na nilisikia kwao walimpa nishani. Miaka ikapita, kambi ikafungwa, watu wakarudishwa Burundi kwa mabasi, na Mama Melkiori akasema haondoki, mwanawe atafika akute mlango haupo. Ningemwachaje. Tulihamia Kitanga, tukapewa sehemu na mwenyeji mwema, baadaye nikapata karatasi za uraia. Nililima mashamba ya watu kwa kibarua mpaka mgongo ukapinda, na letu la nyumbani likaota nyasi mpaka kiunoni, kwa sababu nyumba iliyogandara haishiki jembe. Wanaume wawili walikuja kuuliza habari zangu. Mama aliwakaribisha vizuri, akawaonyesha kigoda. Hawakurudi. Macho yake yalipoanza kufa, masikio yakabaki, na hapo ndipo nilipogundua kitu ambacho bado kinanitia baridi hata jua la saa sita. Nilikuwa natoka shambani kwa watu, napita uani kwenye changarawe, na yeye akiwa ndani anasema, "Karibu, mwana wanje." Nilidhani ni uzee. Siku moja nikasikiliza mwenyewe. Kulia, kushoto ukachelewa. Sijui ulinishika lini. Nilijaribu kutembea kwangu kwa zamani, nikakuta sikukumbuki. Miaka ile ya mwisho sikumsahihisha. Aliniita Melkiori akifurahi, nikawa nakaa kwenye kigoda na kula ile sahani.

Alipokufa nilimzika ndani ya msiba ambao haujafungwa. Na niliwalaani wale wawili kila mahali. Firimini alikuwa mbali, kwa hiyo Gervasi ndiye aliyebeba. Nilimkuta siku moja sokoni Kasulu, ameshastaafu, anachagua kabichi, nikamtukana mbele ya watu, nikamwita mla mishikaki, nikamwambia umemuua mara mbili, mara ya kwanza kwa meno na mara ya pili kwa wembe. Alisimama na kabichi yake mkononi mpaka nilipomaliza. Hakujibu kitu. Nikachukua kule kutojibu kuwa ushahidi.

Basi baada ya ile simu nilikaa siku mbili, siku ya tatu nikapanda pikipiki kwenda Kasulu. Niende nikaseme neno, ila langu. Mjukuu anaitwa Odile, msichana mpole, ana masikio ya babu yake. Tulikaa chumba cha kulia cha nyumba ya wageni, asubuhi, chai na chapati mezani, dirisha limejaa ukungu. Gervasi alikuwepo, amevaa tai. Odile alijaribu Kifaransa nami, kile changu cha kambini kikanisaidia nusu. Akasema babu yake hakuwahi kutupa hata kipande, na kwamba kuna tepu moja yenye jina langu. Akanionyesha boksi. Mwandiko wa Firimini: hatua za Melkiori, Konso. Hii si ya kipindi, akasema, ni ile mbichi, kabla ya kukatwa. Alikuwa amefungua maikrofoni kungojea hatua. Gervasi akasema labda dada amechoka, tusikilize nyingine. Nikasema hii hii.

Tepu ikazunguka. Kwanza kile kimya. Nikakijua mara moja, nikasikia mate yangu yakishuka. Kisha changarawe ikasogea kidogo, mtu anapanda kwenye sinia. Kisha msichana akaongea, Kiswahili cha kambi, sauti nyembamba, sauti ya kuuzia nyanya.

"Mzee, usiweke rima," akasema. "Weka ile ya kwenye kipindi cha pili. Weka ndindira."

 Halafu Firimini, polepole, anatafuta maneno. "Konso. Mama atangoja."

"Angoje. Na mimi nitangoja."

"Konso, unakumbuka soksi?"

"Nakumbuka," yule msichana akasema. "Weka."

Kisha nyuma, kwa mbali, kutoka kwenye spika ya chumba cha kukatia tepu, wakawa wanamjaribu Melkiori, anasema neno lile mara moja, mara mbili, mara tatu, na msichana anapumua. Kisha hatua. Sauti tatu zilikuwa kwenye meza ile pamoja na chapati. Mbili ni za marehemu, na kwa kusikiliza tu usingejua ipi ni ya aliye hai.

Sitasema nilikuwa nimesahau, na sitasema nilikuwa nakumbuka. Nilisimulia lile la kwenda kunywa maji mara nyingi mno, mpaka nikawa naisikia ladha ya yale maji. Kosa la Firimini halijafutika kwa hilo. Alikuwa mzee, mimi nilikuwa na huzuni, na mkono uliokata ulikuwa wake. Tena alishajua soksi zinaishia wapi. Gervasi naye, mishikaki ni mishikaki. Lakini nilimwangalia Gervasi na yeye akaangalia sahani.

"Ulikuwepo," nikamwambia.

"Nilikuwepo, dada."

"Na sokoni ukanyamaza."

"Mishikaki niliila kweli," akasema. "Hilo jingine, niliona una kitu kimoja tu cha kushikilia. Ningekunyang'anya?"

Odile alikuwa anatuangalia mmoja mmoja. Akauliza kwa Kifaransa yule msichana anamwambia nini babu yake. Gervasi aligeuka kwangu, akasema mwambie wewe. Ningeweza kusema msichana anauliza sinia liko wapi. Asingejua kamwe, na ukumbini wangemsifu marehemu, na sokoni ningeendelea kuwa yule mama aliyedhulumiwa. Nikamwambia. Kifaransa kilipoisha niliendelea kwa Kiswahili na Gervasi akamalizia. Yule ni mimi. Ndiye wa tatu. Mama mmoja alikaa mlangoni mpaka kufa kwa sababu mimi nilitaka kusikia mtu akisema nimsubiri.

Nilimwomba ile tepu yenyewe, si nakala. Alishika boksi muda mrefu, alikuwa ameambiwa kwao kwamba kila kitu ni cha makumbusho. Kisha akalisukuma mezani mpaka likagusa kikombe changu.

Tulizika Ijumaa, Kitanga, kando ya kaburi la mama. Nilikata mgomba mwenyewe, urefu wa Melkiori naukumbuka, unafika kwenye nyusi zangu. Gervasi alichimba, na viatu vyake vya ofisini vikajaa udongo mwekundu. Tukalaza shina, na juu yake, pale ambapo kinywa kingekuwa, tukaweka ile tepu. Jirani wa Kiha anayejua mambo haya alininyoa. Kesho yake, Jumamosi, niliingia kwenye zile nyasi za uani kwetu na jembe. Mizizi ilikuwa minene kama kamba ya ng'ombe, nililima mpaka jasho likanifumba macho, nikafungua kipande cha kutosha mistari sita ya maharage. Ilipofika saa kumi nilisimama. Hakuna redio iliyokuwa inaongea kokote. Nikachukua kigoda pale mlangoni nikakitia ndani kwanza, nikarudi kuchukua jembe, nikavuka changarawe. Mguu wa kushoto ulichelewa. Nikasimama kizingitini nikisikiliza kama kuna atakayesema karibu.

Hakuna aliyesema. Nikaingia.